Mjane Tuliyemfukuza kwa Kura

Wifi yangu, dada wa marehemu mume wangu, ndiye aliyeileta hadithi ile kwenye kikundi cha simu cha korti yetu, zile nyumba zinazozunguka ua mmoja. Kila jioni alituma kipande kimoja, na mwishoni akaweka kura: mhusika afanye hivi au vile? Upande ulioshinda ndio alioufuata kesho yake. Watu wa Eastlands ambao huwa hawakubaliani hata juu ya nani afunge geti, sasa walikuwa wakiulizana sokoni mjane atafanya nini leo.

Mhusika alikuwa mjane wa dereva wa lori, mnene, mwenye jino la dhahabu na mdomo usiopoa. Alikuwa amekalia nyumba ya ukoo wa mumewe hapa mjini, na wenyewe walitaka arudi ushago, kijijini, akakae karibu na kaburi. Mimi pia ni mjane, nami nilikuwa katika vyumba viwili vya baraza la jiji vilivyoandikishwa kwa jina la baba mkwe tangu enzi zake za kazi. Nilishona sare kwenye kiwanda kimoja Industrial Area, nikienda na kurudi kwa miguu. Bila vile vyumba sikuwa na kazi, na bila kazi binti yangu hakuwa na shule. Lakini mimi ni mwembamba kama ufito, mume wangu alikuwa karani wa reli, na meno yangu yote ni yale niliyopewa na Mungu. Ningejitambuaje?

Nilimchukia yule mama kwa moyo wangu wote. Kura ya kwanza iliuliza kama amfungulie mama mkwe mlango au ajifanye hayupo. Korti nzima, kwa kupenda vurugu, ikachagua ajifanye hayupo. Basi wifi akaandika mama mkwe akinyeshewa nje na mzigo wake wa ndizi, nasi tukamlaani mjane kwa roho mbaya. Ndivyo ilivyokwenda wiki nzima. Tulimchagulia ubaya, kisha tukamkasirikia kwa kuwa mbaya.

Hatimaye ikaja kura kubwa: abaki au aondoke? Kikundi kiliwaka moto.

"Apelekwe ushago leo leo!" mmoja akaandika.

"Huyu madhe wa jino la dhahabu amezoea," akajibu mwingine.

Mimi nilikuwa nimeshawatangulia wote kupiga kura ya aondoke. Chini yake nikaandika: "Nyumba ni ya ukoo. Afungashe." Nilijisikia vizuri, kusema kweli.

Jumapili iliyofuata wakaja kwangu wifi, shemeji na mama mkwe. Nilikuwa nimepita Soko la Burma nikachukua mbavu nzuri za mbuzi, maana wakwe hawapewi mboga ya sukuma peke yake. Walikula. Shemeji aliponawa mikono akasema, "Shem, mwanangu anaoa, anahitaji nyumba hii. Tumeona urudi nyumbani, ukae karibu na ndugu yetu."

Nilicheka. Nilidhani anaigiza ile hadithi, kumbe hakuna aliyecheka pamoja nami.

"Sitoki," nikasema. "Mimi ndiye niliyemuuguza mume wangu humu. Waulizeni majirani kama sistahili kubaki."

"Tumeshawauliza," wifi akasema, akatoa simu. Kumbe ile kura ilionyesha jina la kila aliyepiga. "Na wa kwanza ni wewe, wifi."

"Ile ilikuwa hadithi!"

"Nilibadilisha mwili na jino tu. Hukumwonea huruma. Sisi tukuhurumie kwa nini?"

Nilimtazama mama mkwe, niliyemwosha miguu alipokuwa mgonjwa. Alikuwa akifyonza mfupa. Hakuacha.

Nilitamani kumrushia sufuria, lakini binti yangu alikuwa amesimama mlangoni, naye alikuwa amesikia yote. Vyumba havikuwa kwa jina langu, nikafungasha. Siku ya kuhama, jirani wa mlango wa pili alikuja kunisaidia kubeba vyombo. Tumekopeshana chumvi tangu tukiwa mabibi harusi. Nikamwuliza kama alijua yule mjane ni nani.

"Sote tulijua," akasema. "Lakini ulikuwa wa kwanza kusema afungashe. Tukaona labda mmekubaliana."

"Na kama tusingekubaliana?"

Akainamisha macho. "Hadithi ilikuwa tamu, dadangu."

Nikaendelea kufunga kamba ya godoro. Ndipo simu yake ikalia: kipande cha mwisho kilikuwa kimefika, mjane anapanda lori, je, alie au ashukuru? Jirani yangu akanitazama kidogo, akaweka sufuria yangu chini, akapiga kura.