Kabati la Mama Tulia

Fundi Ambilikile wa Makandana akianza kuusifu mkaratusi, mteja husahau alichofuata. "Ukiwa nguzo unabeba umeme," husema akipigapiga ubao. "Ukipasuliwa unabeba bati. Ukiwa kuni unakausha chai kiwandani. Nao ukikauka, ukapigwa msasa na vanishi, hukaa sebuleni na mninga bila kuulizwa ukoo." Hadanganyi. Shida ni hilo neno "ukikauka", maana mvua ya Tukuyu haina adabu, na ubao mbichi hujikunja.

Dawa aliipata nyumbani. Mbao bora huzipandisha darini, juu ya meko ya mkewe Esnath, moshi ukazikausha msimu mzima. Esnath alivumilia masizi kwa sababu aliahidiwa kabati la vyombo. Kinyozi hajinyoi, lakini huyu wetu alizidi: kila zilipokauka, alitokea mteja wa Kiwira mwenye haraka, mbao zikashuka, zikaenda. "Zinazofuata ni zako, Mama Tulia." Alianza kusema hivyo binti yao Tulia akinyonya. Sasa Tulia kaolewa.

Mwaka jana wakwe wa Tulia walitangaza kuja. Esnath akaanza kupanga vyombo vyake sakafuni, na hilo likamtisha fundi kuliko kelele. Mbao kavu alikwisha kuziuza. Akachukua mbichi, akaranda, akapaka vanishi mpaka kabati likang'aa. Esnath akafurahi kama bibi harusi, akapanga humo sahani zake zote za maua.

Siku ya wageni ndizi ziliiva, mlango wa kabati ukagoma. Esnath akavuta, Ambilikile akavuta, hata baba mkwe wa Tulia akavuta. Mwishowe fundi akaubandua kwa tindo mbele ya watu, aibu ikimchoma.

"Kazi ya fundi gani hii?" mkwe akauliza kwa upole.

"Wa Kiwira huko," akajibu Ambilikile.

"Alikuwa na haraka," akaongeza Esnath, akapakua chakula.

Baadaye mbao nyingine zilipanda darini. Zilipokauka, mteja wa Kiwira akafika mbio. Ambilikile akaingia jikoni, akakuta ngazi haipo.

"Iko kwa jirani yetu Mwanahalima," Esnath akasema, akichochea moto. "Itarudi siku utakayoingia humu na randa, Baba Tulia, si na mteja."

Fundi akayatazama macho ya mkewe, mekundu kwa moshi. Kisha akatoka, akamwambia mteja kwamba mbao zile zina mwenyewe, akaenda kwa Mwanahalima kuchukua ngazi, randa mkononi.