Chatne ya Forosadi na Kanzu ya Baba Nuru

Alhamisi ile naikumbuka vizuri kuliko siku niliyomaliza shule. Mwanangu, usinicheke nikikuita mwanangu. Najua ndevu zangu bado zinahesabika. Lakini hapa Majengo ukishaunguza kitu mara za kutosha hadi ukakijua, wewe ni mzee, basi kaa chini usikilize. Mimi hakuna shule ya upishi iliyoniona. Chatne nilijifunza kwa kuharibu sufuria za Bi Tatu.

Bi Tatu si nyanya yangu wa damu. Sisi ni Wakamba, yeye ni Mswahili wa hapa hapa, amezaliwa kwenye ploti hii hii. Lakini mamangu akienda kibarua alfajiri, ni Bi Tatu alikuwa ananiosha uso na kunipa chai. Kwa hivyo mtu akimgusa Bi Tatu amenitia kidole machoni. Nilikuwa hivyo, na hadi leo niko hivyo, sitakudanganya.

Katikati ya ploti kuna mti wa forosadi, yale matunda madogo meusi ambayo wengi wenu mnaita mulberi. Hayo ndiyo Bi Tatu alikuwa anapikia chatne ya kuchovyea viazi karai anavyouza mlangoni. Viazi kila mtu anauza. Chatne ile ilikuwa yake peke yake, na ndiyo ilifanya watu wavuke barabara kumfuata. Mti ukienda, chatne imeenda, na Bi Tatu anabaki mama mzee na karai lake kama wengine wote.

Shida ni kwamba mti wenyewe hauna adabu. Ndege wanakula juu, wanaachilia uchafu wa zambarau chini, na kamba ya nguo ya ploti nzima imepita hapo hapo.

Basi siku hiyo sufuria ilikuwa motoni. Forosadi hazilali, mwanangu. Ukichuma asubuhi, jioni zimeshaanza kutoa maji na kunuka pombe, kwa hivyo ukianza umeanza. Tulikuwa tumeshatia tangawizi, kitunguu saumu, pilipili, sukari guru na siki, Bi Tatu anakoroga, mimi nachambua vikonyo vya zilizobaki. Mara Baba Nuru akatokea na kanzu mkononi. Huyu ni dereva wa lori, anakaa chumba cha kutazamana na chetu, na kesho yake baada ya sala ya Ijumaa alikuwa anamwozesha binti yake. Kanzu mpya, nyeupe, na kifuani imechafuka zambarau tupu.

"Huu mti ni wa nani?" akauliza, na anajua.

"Ni wa Mungu, mzee," nikamjibu.

"Basi kesho nitamrudishia kuni zake. Nimeshampigia mwenye ploti. Amesema nikate."

Nikawaka. Nikamwambia angeanika kanzu yake kwenye lori. Nikamwambia hata ingekuwa safi, tumbo lake lingeipasua kabla shehe hajafungua mdomo. Vijana wa ploti wakaangua kicheko, simu zikatoka, wakaanza kurekodi. Na mimi nikirekodiwa ndio sinyamazi. Nikasema anayetaka kukata mti anikate mimi kwanza.

"Kyalo," Bi Tatu akaita kutoka jikoni. "Umemaliza?"

"Bado, Bi Tatu! Huyu mzee anataka..."

"Mti ni wangu, kanzu ni yake. Wewe hapo katikati una nini?"

"Si nakutetea!"

Akatoka nje, mwiko mkononi. "Unanitetea? Mtu alikuja na hasira ya kanzu. Sasa ana hasira ya kanzu na ya tumbo. Ukiendelea kunitetea mpaka magharibi, nitahamishwa."

Hapo kicheko kikanigeukia. Nilitamani ardhi inimeze. Yeye hata hakucheka. Akaichukua kanzu, akaiangalia kwenye jua, akaniambia, "Panda. Nichumie mabichi, ya kijani kabisa. Mekundu usilete."

Halafu akamgeukia Baba Nuru na kumpa mwiko.

"Mimi?" akashangaa.

"Kwani mikono imetangulia kwa nikahi? Mtoto anafua, mimi namwonyesha, chatne haina mtu. Ikishika chini, nami nitampigia mwenye ploti."

Hivyo ndivyo lile jitu la lori lilivyokaa kwenye kigoda na kukoroga chatne huku limenuna. Mimi nikaponda forosadi mbichi, nikasugua maji yake kwenye doa, nikasuuza, nikasugua tena. Hiyo ndiyo dawa yake: doa la tunda lililoiva hutolewa na bichi la mti huo huo. Lakini halitoki kwa kuombwa. Vidole vilichubuka. Zambarau ikawa nyekundu, nyekundu ikawa waridi, na kila nikitaka kusema imetoka, Bi Tatu ananionyesha kwa kidole: na hapa? Na hapa?

Chatne ilipoanza kuwa nzito, akamfundisha Baba Nuru kudondosha tone kwenye sahani baridi na kupitisha kidole. Njia ikibaki wazi, imeiva. Ikijifunga, bado. Mzee akapitisha, akalamba.

"Haina chumvi," akasema.

"Inayo," akasema Bi Tatu.

"Haina, Bi Tatu."

Bi Tatu akaonja. Akaenda kuleta chumvi.

Kanzu tuliianika mlangoni kwa mamangu, mbali na mti. Ilipokauka niliipeleka mwenyewe, nikabisha, nikasema, "Pole, mzee, kwa kanzu na kwa maneno." Akaikagua kifua chote, akakuta kivuli cha waridi karibu na mshono.

"Koti litafunika hapo," akasema. "Mti ubaki. Lakini tawi la juu ya kamba linaondoka leo, na utalikata wewe."

Tawi lile ndilo lilikuwa linazaa kuliko yote. Nikachukua panga. Msimu ule chatne iliisha mapema, wateja wakalalamika, lakini mti ulisimama, na umesimama. Siku hizi magoti ya Bi Tatu yamekataa, napika mimi, yeye anaonja na kunitukana.

Sasa sikia, mwanangu. Nimekuona juzi ukimfokea mteja eti kwa ajili ya mamako. Kumpenda mtu na kumpigania kwa mdomo ni vitu viwili, na cha pili mara nyingi unajifurahisha mwenyewe halafu gharama inamwendea yeye. Uliza kwanza: kilichoharibika ni nini? Kishike, kisugue mpaka vidole viume. Ukimaliza hapo, kama bado una hasira, njoo kwangu tuwake pamoja.

Mungu akupe watu wa kuwafia, na akujalie uwafanyie kazi wakiwa hai. Akulinde na moto na akulinde na ulimi wako. Nenda salama.