Sauti Niliyoiazima kwa Mama wa Mikeka

Siku yangu ya kwanza redioni Uvira nilivaa viatu vya kisigino, vile nilivyokuwa nikiendea kanisani, na kabla sijaifikia mikro, yaani kipaza sauti, fundi wa rejii alinitaka nivivue. Rejii ni chumba cha mitambo, kimetengwa na studio kwa kioo, na fundi wake husikia kila kitu: tumbo linalonguruma, karatasi inayogeuzwa, kisigino kinachogonga saruji. Basi nikasoma pekupeku, na tangu hapo mpaka nastaafu sikuwahi kusoma nikiwa na viatu. Ninyi mnaorekodi kwa simu mkiwa mmelala kitandani mtacheka. Chekeni tu, lakini mnajua wenyewe jinsi mnavyosikika.

Kazi yangu ilikuwa kusoma hadithi kila Ijumaa saa kumi na moja jioni, na marudio yake Jumamosi saa nne asubuhi. Hadithi zenyewe zilitoka katika kitabu kikubwa cha Kifaransa kisicho na jalada, kilichoanzia ukurasa wa tisa, hata jina lake sikulijua kamwe. Kilikuwa kimejaa majoka yanayolalia dhahabu, mazimwi yanayokula wasafiri, mfalme asiye na uso, na wanawake wa vinamasini wenye dawa. Nilifanya kile tulichokiita kufasiri kwa macho: macho yanasoma Kifaransa, kinywa kinatoa Kiswahili, bila karatasi katikati. Ni kazi ngumu kuliko inavyoonekana, kwa sababu kinywa kikisita husikika kama mtu anayedanganya.

Direkta wangu wa kwanza, mzee mmoja mwembamba aliyekuwa mwalimu kabla ya kuja redioni, alinipa sheria mbili. Ya kwanza, msomaji hana jina. Wasikilizaji waliniita Bibi wa Kitabu, na hata jirani yangu wa ukuta mmoja hakujua kuwa ni mimi, maana kwenye mikro nilikuwa natoa sauti nzito. Ya pili aliniambia siku niliposoma zimwi likasikika kama karani wa ofisi.

"Weye unasoma zimwi gani?" akaniuliza. "Minye siogopi. Azima muntu. Iko muntu gani wenu anakula vibaya?"

"Mujomba wangu," nikasema.

"Basi mupatie zimwi meno ya mujomba wako."

Nikampa. Ijumaa iliyofuata fundi wa rejii aliondoa vifaa vya masikioni kwa karaha, na nilijua nimeiva. Kuazima sura ndiyo ikawa mbinu yangu. Joka la milimani lilipata kikohozi cha ofisa mmoja wa forodha, mfalme asiye na uso nikampa ule upole wa kutisha wa mtu anayekunyima karatasi ofisini huku akitabasamu. Mjini watu walikuwa wakiacha kununua samaki ili wasikilize. Sijisifu bure, waulizeni mama zenu.

Baada ya miaka kadhaa walinituma Mutarule, katika bonde la mto Ruzizi, kusimamia klabu ya wasikilizaji. Wakulima walikaa kuizunguka redio moja, nami nikawauliza maswali na kurekodi majibu yao. Huko ndiko nilikoonywa, na masikio yangu yakawa na nta. Nilikuwa nimesoma habari za joka linalokunywa mto mpaka ukakauka. Mama mmoja mwenye shamba la mihogo akanyanyua mkono.

"Ile joka iko upande gani wa Ruzizi?" akauliza. "Sababu sisi tunateka maji mule kila siku."

Hakuwa anatania. Siku moja nilipopita Uvira nikaisimulia ofisini kama kichekesho, na tulicheka mpaka Direkta akafuta machozi. Sasa hivi nikikumbuka kicheko kile naona haya.

Niliporudishwa Uvira kwa kudumu, mzee yule alikuwa ameshastaafu, na Direkta mpya alikuwa mtu wa mafaili, mwoga wa barua. Wakati huo kitabu kilikuwa kimefika kwenye sura ya mwanamke wa kinamasi, adui mkubwa kuliko wote, anayepokonya watoto pumzi wakiwa wamelala. Kifaransa kilimwita *sorcière*. Nilikuwa na maneno mawili. Mchawi ni la vitabuni, lilikuwa limeshachoka masikioni. Mulozi ndilo la kwetu, linalosemwa kwa sauti ya chini hata nyumbani. Nikachukua mulozi, kwa kuwa nilitaka nywele zisimame.

Kisha nikatafuta sura ya kuazima. Katika mtaa wetu wa Kilibula, chini karibu na matete, aliishi mjane anayesuka mikeka. Tulimwita Mama Nabintu, kwa jina la binti yake aliyeolewa ng'ambo, Bujumbura. Nilikuwa nimenunua mkeka kwake mwezi uliotangulia. Alivuta mguu wa kushoto, na kila ulichomwambia, kiwe kizuri au kibaya, alikupokea kwa maneno yaleyale yaliyotoka taratibu kama mtu anayekubembeleza: "Njo vile, mwana wangu. Njo vile." Njo ni ile ndiyo ya kwetu, na niliyapenda maneno yale. Nilirudi nyumbani nikiyarudia jikoni. Basi mulozi wangu akawa anavuta mguu kwenye matete, akiinama juu ya mtoto aliyelala, akinong'ona: "Njo vile, mwana wangu. Njo vile."

Niliisoma Ijumaa hiyo na nilifurahi sana. Fundi wa rejii aliniambia mwili wake ulisisimka.

Jumamosi asubuhi nilikuwa nimeketi nje ya studio nikinywa chai, imebaki nusu saa kabla ya marudio, akafika motari mmoja aliyezoea kunibeba. Aliiacha pikipiki yake inanguruma.

"Mama, kuko shida Kilibula," akasema. "Mutoto wa jirani ya Mama Nabintu amekufa na homa. Bantu banasema redio ilimutaja. Banasema njo ule mulozi, iko anavuta muguu vilevile, iko anasema 'njo vile' vilevile. Bamezunguka nyumba."

Nilimwambia anipeleke huko mara moja.

"Weye peke yako utafanya nini? Chefu wa mtaa iko pale, hakuna muntu anamusikiliza. Bamefunga mulango na inje, bamemwaga petroli ku majani. Lakini redio moja iko inalia pale, bamesema bangoje hadisi ya saa ine, basikie vile mulozi anauawaga mu kitabu."

Katika kitabu mwanamke wa kinamasi huchomwa ndani ya nyumba yake, ukurasa wa mwisho wa sura ile ile. Nilikuwa nimeusoma jana kwa ustadi wangu wote, na mkanda wa marudio ulikuwa tayari kwenye mitambo.

Nilikimbia kwa Direkta. Alisikiliza, akampigia chefu simu, hakupokewa. Akavuta karatasi.

"Tutasoma komunike," akasema. Komunike ni tangazo rasmi, lile linaloanza kwa kuwajulisha wananchi wote.

"Direkta, komunike iko na sauti ya wakubwa. Batasema tumetishwa. Acha niingie mu hadisi mwenyewe, niseme mulozi ni minye."

"Utasema jina yako?"

"Nitasema."

"Mama, ukisema jina yako ku mikro, hadisi imekufa. Hakuna muntu ataamini tena. Na bakikuya hapa?"

"Bakuye."

"Kama unaingia, kesho usirudi," akasema, kisha akageuka kuelekea dirishani, na mpaka leo sijui kama alikuwa ananikataza au ananipa njia.

Nilivua viatu. Fundi wa rejii aliutoa mkanda bila kuuliza. Muziki wa kufungulia ukapiga, tunauita jeneriki, taa nyekundu ikawaka, nami nikaanza kwa sauti ile ile waliyokuwa wakiingoja: "Njo vile, mwana wangu. Njo vile."

Halafu nikanyamaza.

Redioni kimya huitwa blanki, na ndiyo dhambi kubwa kuliko zote. Sekunde tatu fundi ananyanyua kichwa, sekunde tano ananyanyua mikono. Alinyanyua mikono. Niliacha blanki iendelee, kwa kuwa nilijua kule Kilibula kila mtu sasa anainama kwenye redio. Nilipofungua kinywa nilitumia sauti yangu ya sokoni.

"Bantu ya Kilibula, muko mbele ya nyumba ya Mama Nabintu. Ile sauti mumesikia ni ya mulozi. Hii munasikia sasa ni yangu. Ni koo moja. Minye naitwa Mama Sifa, muke wa marehemu mwalimu Bahati, munanijua, nanunuaka samaki ya ndagala kwenu kila siku. Mulozi ya mu kitabu havute muguu. Hasuke mikeka. Haseme njo vile. Ivyo vyote minye niliiba kwa Mama Nabintu, siku nilinunua mukeka kwake, sababu nilipenda namna yake ya kusema. Hata ile neno mulozi haiko mu kitabu. Ni minye nililiweka. Sasa nasoma vile kitabu kinasema, munisikilize."

Nikasoma ukurasa kwa Kifaransa, taratibu, kama darasani, kisha kila sentensi kwa Kiswahili. Mwanamke wa kitabuni alikuwa na nywele za barafu, macho ya samaki, na miguu ya bata. Miguu ya bata! Nilikuwa nimeiondoa kwa sababu niliona itachekesha.

"Kama munatafuta mulozi," nikamalizia, "sauti yake iko hapa redio. Mulango iko wazi."

Nikatoka na kuketi kwenye kiti mlangoni, pekupeku. Niliogopa sana, sitawadanganya. Direkta alitoka akasimama nyuma yangu, na kwa jambo lile nilimsamehe mengi.

Walikuja. Hawakuwa wote, labda thelathini, wengine wakiwa na mawe bado. Mbele yao alikuwa mama wa mtoto aliyekufa, kitenge kimemfunguka begani, macho makavu. Alisimama mbele yangu.

"Njo weye?"

"Njo minye."

"Fanya ile sauti."

Sikutaka. Katika miaka yangu yote ya kazi hilo ndilo somo gumu kuliko yote. Lakini nikaifanya, nusu ya sauti, nikimtazama usoni. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaketi chini, pale pale kwenye vumbi, akaanza kulia, na wale waliokuwa nyuma yake wakaanza kuyaangusha mawe moja moja. Nilishuka kwenye kiti nikaketi naye. Alikuwa amebaki na homa peke yake ya kulaumu, na homa huwezi kuizungukia nyumba.

Motari alirudi kuniambia kuwa mlango umefunguliwa. Mama Nabintu alitoka akiwa na jeraha la jiwe juu ya jicho, mikeka yake yote imelowa petroli.

Direkta hakunifukuza. Aliniondoa kwenye mikro, akaniweka kuandika kondakta, ile orodha ya vipindi vya siku na dakika zake, kazi ambayo hata kuku angeiweza. Baada ya muda mrefu, Direkta wa tatu akanirudisha kusoma, safari hii kwa jina langu. Direkta yule mwoga alikuwa amekosea: watu waliendelea kusikiliza. Nilisoma majoka na mazimwi mpaka siku ya kustaafu, lakini viumbe wangu wabaya wote walikuwa na kitu ambacho hakuna mtu wa Uvira anacho, pembe, magamba, miguu ya bata. Sura za majirani niliwaazimia mashujaa tu. Mvuvi mmoja wa Kalundu alikuwa mfalme kwangu kwa miaka miwili bila kujua.

Mnaonijia kujifunza kusoma huwa mnataka mbinu ya kutisha watu. Nawafundisha kupumua, nawafundisha kuvua viatu, nawafundisha blanki. Mbinu ya kuazima nawafundisha pia, maana bila hiyo zimwi litakuwa karani. Ila kabla ya kumpa kiumbe wako mguu wa mtu, nenda nyumbani kwa mtu huyo, uketi, na ufikirie mlango wake umefungwa kwa nje.

Mimi huenda kila Alhamisi. Mama Nabintu alikataa kuhamia kwa binti yake, anasuka bado, ingawa macho yamepungua. Alinisamehe mapema kuliko nilivyojisamehe, na huwa ananitengea mkeka mpya nikalie. Lakini watoto wa Kilibula, ambao wengi hawakuwa wamezaliwa siku ile, wana mchezo wao wa mulozi. Mmoja anavuta mguu, wengine wanakimbia, na yule anayefukuza anapaza sauti: "Njo vile, mwana wangu." Mchezo huo unachezwa nyuma ya nyumba yake. Anausikia kila jioni.

Kwa hiyo nikiketi kwake namsimulia habari zote, nani ameolewa, ziwa limepanda wapi, mgongo wangu unavyouma. Nikimaliza kila habari nanyamaza kidogo, blanki ya sekunde tatu, tano, nikimpa nafasi ya kusema maneno yake yale ya zamani. Naye huvuta ukindu, huukaza, na kunijibu: "Ndiyo."