Nyimbo Mbili za Upande wa Pili

Mimi si mtu wa kugombana. Skuli, mwalimu wa Kihispania akiuliza kitu ninachokijua, huinama nikajifanya natafuta kalamu. Lakini wiki ile nilikasirika mpaka nikagombana.

Kuna kundi moja linaloimba kwa Kihispania, ndugu watatu na binamu yao, ambalo mama amelipenda tangu usichana wake Unguja. Alikuja Landani na kanda yao moja, na mimi nimekua nikiisikia jikoni kwetu Edmonton, kaskazini mwa jiji. Kwenye jukwaa la mashabiki mtandaoni kulikuwa na orodha ya rekodi zao, lakini ya zamani mno: albamu tatu za mwisho hazimo, na zile za kale zilizotolewa upya zimechanganywa ovyo. Nikajitolea kuiandika upya.

Miezi minne! Niliandika kwa mkono kwanza, kila rekodi na ukurasa wake: nambari ya jalada, nchi ilikotolewa, nyimbo zote kwa mpangilio. Nilipanda basi na treni mpaka Rayners Lane kwa ajili ya sidii moja tu, kwa sababu muuza mitumba alikataa kunisomea nambari kwa simu. Mwisho nikaongeza nyimbo mbili za kwenye kanda ya mama, ambazo sikuziona kwenye orodha yoyote. Nilijivuna, nakiri.

Msimamizi wa jukwaa, mtu mzima wa hapa hapa Landani, aliniambia nimtumie aipitie kisha aiweke. Akaiweka. Juu kabisa: imekusanywa na, halafu jina lake. Langu halimo hata chini kwa herufi ndogo. Nilipomuuliza, alijibu kuwa hiyo ni kazi yake ya miaka mingi, na taarifa kama zile shabiki yeyote anaweza kuzipata.

Nikamwendea mama. Alikuwa anapiga pasi sare yake ya kazi, ya kule anakotunza wazee. Nikamweleza yote, na kwamba hata zile nyimbo mbili za kanda yake kazichukua.

"Nyimbo gani hizo?"

"Za mwisho, upande wa pili."

Mama akacheka mpaka akaiweka pasi chini. "We mtoto! Zile si zao. Mwenye duka aliyetunakilia kanda pale Darajani alikuwa hawezi kuona kanda inabaki tupu. Santuri ikisha na nafasi ipo, anakujazia chochote alichonacho. Mie nilibahatika, nilipata nyimbo. Shangazi yako alijaziwa taarifa ya habari."

"Mbona hukunambia?"

"Uliniuliza?"

Nikasikiliza tena. Kweli, sauti si zao, hata gitaa si lile. Nikaona aibu ya kufa. Halafu hasira ikarudi maradufu: huyu wa kazi ya miaka mingi, nyimbo zile amezisikia wapi kama zao, ikiwa kanda yenyewe ipo jikoni kwetu?

Ila kulisema hilo ni kujianika mwenyewe. Nilimwambia mama watanicheka.

"Watakucheka kidogo, watanyamaza. Andika."

Nikaandika pale jukwaani, mbele ya wote: nyimbo mbili za mwisho ni kosa langu, zimetoka kwenye kanda iliyojazwa dukani Unguja, na anayesema orodha ni yake aeleze yeye kazitoa wapi. Nikabandika na picha za kurasa zangu.

Baada ya saa moja nyimbo zile zilikuwa zimefutwa, maneno yangu yamefutwa nazo, na mimi nimefungiwa, jukwaani siingii tena. Jina lake bado lipo juu. Mtu mzima mwenye akili zake!

Sasa nimefungua ukurasa wangu. Orodha yote iko pale, na jina langu kamili, la ukoo pia. Zile nyimbo mbili nimezitoa, na nimeeleza kwa nini zilikuwemo. Mpaka leo wameisoma watu watano. Mmoja, wa Meksiko, ameniandikia kuwa kwenye albamu ya tisa nimekosea mpangilio. Nimeangalia, kasema kweli. Nimerekebisha, na pembeni ya masahihisho nimeandika jina lake. Ilinichukua dakika moja tu.