Mjane Mwenye Mume

Mama Povu alikuwa dobi, na jina hilo alipewa na mtaa, si na wazazi wake. Kwa miaka kumi na tisa alikuwa akifua nguo za watu kwenye ua wa nyumba yake, kando ya barabara inayoshuka sokoni. Miaka sita ya mwisho kazi yake kubwa ilikuwa mashati meupe ya wahudumu wa hoteli moja ya mjini, mashati themanini kila siku ya Mungu. Yanalowekwa alfajiri, yanasuuzwa kwa maji ya buluu, na ikifika saa nne asubuhi yamejaa kamba nne, yamebanwa kwa pindo la chini. Ole wako uyabane mabegani! Kibanio kinaacha alama, na mkuu wa wahudumu anakurudishia shati huku amelishika kwa vidole viwili. Ndani ya kila kola Mama Povu alikuwa ameshona nyuzi tatu nyekundu. Kila dobi ana alama yake, na hiyo ndiyo iliyokuwa yake.

Saa nne hiyohiyo ndipo basi la kutembeza wageni lilipopita. Lilikuwa jeupe, limefungwa vioo kwa sababu ya ubaridi wa ndani, na lilipofika mbele ya ua lilipunguza mwendo, shingo zote zikageukia upande mmoja. Wengine walimpungia mikono, wengine waliweka kiganja kifuani. Siku moja mama mmoja alionekana anajifuta macho. Mama Povu alijua ni watu wenye adabu zao, wamevutiwa na weupe wa mashati. Basi naye aliwapungia, meno yote nje, povu limemfika kwenye viwiko. Miaka sita mtu anapunga mkono! Ukimkumbusha leo anakusonya.

Mumewe, Fundi Kitasa, alitengeneza makufuli na kuchonga funguo kwenye kibanda chake karibu na stendi. Alikuwa anatoka saa moja asubuhi na kurudi jioni, kwa hiyo basi hilo hakuwahi kuliona likipita kwake. Mtu mpole, mwembamba, mpenda kula. Miaka miwili nyuma aliugua mapafu akalazwa wiki tano, na wiki ya tatu daktari alimvuta Mama Povu pembeni akamwambia ajiandae. Hakujiandaa. Mchana alifua, usiku alilala kwenye benchi la wodi, mpaka asubuhi moja mumewe akafumbua macho akauliza kuna nini cha kula. Tangu siku hiyo, mtu akitania habari za kufa mbele ya mumewe, Mama Povu humnyamazisha palepale, hata awe mkwe.

Sasa, wifi yake, mdogo wake Fundi Kitasa, alikuwa mkata tiketi wa kampuni ya basi lile. Dirisha lake lilikuwa chini ya ngazi, na basi lenyewe hakuwahi kulipanda hata mara moja. Ndoa ya kaka yake ilipotimiza miaka thelathini aliwaletea tiketi mbili za kuzungushwa mji, kuonyeshwa vivutio, na jioni chakula na burudani hotelini.

"Wifi, kila siku mnapungiwa nyinyi," alisema akicheka. "Safari hii mkapunge wenyewe."

"Na mashati yangu?"

"Anika mapema, mwanao atayaanua. Siku moja tu, jamani, hutakufa!"

"Koma," alisema Mama Povu, lakini tiketi alizipokea.

Siku yenyewe alianika saa moja asubuhi, akaoga, akavaa gauni la kijani na miwani yake ya kusomea ambayo haikuwa na kazi yoyote ndani ya basi. Fundi Kitasa alijaza mfuko mmoja karanga. Walikaa kiti cha tatu. Mwongozaji, mwanamume wa makamo mwenye sauti tamu, ndiye waliyemwita Kipaza, kwa jinsi kipaza sauti kisivyombanduka mdomoni. Alieleza mnara wa saa, akaeleza mahakama ya zamani, na Mama Povu akawa anaitikia kwa kichwa. Kumbe mji wake una mambo hivi! Kisha basi likakata kona, likaanza kushuka barabara ya kwao, naye akamkanyaga mumewe mguu kwa furaha.

"Hapa naomba tutulie kidogo," alisema Kipaza, na sauti akaishusha. "Mnayaona mashati yale? Hapo anaishi mjane. Marehemu mume wake alikuwa mhudumu wa hoteli, na alifariki akiwa amevaa shati jeupe. Miaka sita sasa, kila siku, yule mama anayafua mashati yote ya marehemu, anayaanika, anamngoja arudi ayavae. Mapenzi yamemvuruga akili. Akiliona basi hili anapunga mkono na kucheka, maana anaamini mumewe yumo humu ndani."

Basi zima likaguna kwa huruma.

"Leo hayupo," Kipaza akaongeza. "Siku nyingine majonzi humlaza kitandani."

Fundi Kitasa aliacha kutafuna. "Mashati themanini," alinong'ona. "Marehemu alikuwa na nguo huyo."

Mama Povu hakucheka. Hasira zilimpanda kuanzia miguuni. Miaka sita! Ina maana hata zile wiki tano, mume wake amelala na mipira puani, yeye anafua huku machozi yanadondokea kwenye beseni, hawa walikuwa wanapita na ubaridi wao, wanamnyooshea kidole: huyo hapo, mume wake amekufa. Yeye anamwomba Mungu amwachie, wao wameshamzika na kumlipia tiketi! Alisimama. Mumewe akamshika gauni.

"Mke wangu, kaa. Dada yangu yuko kwenye lile dirisha. Ukilianzisha humu, kesho hana kazi."

Akakaa. Kutwa nzima walionyeshwa makumbusho, bustani, daraja, jumba la makumi ya nguzo, naye hakuona kitu. Waliposhushwa kupiga picha yeye alibaki kitini, mkoba mapajani, ameushikilia kwa mikono miwili.

Jioni wakaingizwa hotelini. Meza za duara, vitambaa vyeupe, jukwaa lenye taa, na wahudumu wakipita na sinia katika mashati aliyoyapiga pasi kwa mkono wake mwenyewe. Alipoziona kola zile zimesimama vizuri kwa wanga wake, moyo ulimtulia kidogo. Alikula supu. Alimwambia mumewe kwamba ameamua, atanyamaza, kwa ajili ya wifi yake.

Halafu taa zikapunguzwa, Kipaza akapanda jukwaani, na nyuma yake wakavuta kamba yenye mashati sita meupe. Akatoka msichana amejifunga nguo nyeusi, nywele timutimu, anajikokota. Alikuwa mjane wa mashati, ndiyo burudani yenyewe hiyo. Akaimba, akalia, akayakumbatia mashati moja moja akimwita marehemu. Ukumbini watu wakatoa leso. Mpaka hapo Mama Povu alikuwa amevumilia. Ila yule msichana alipovuta mkono wa shati moja akapengea kamasi, shati lililonyooshwa asubuhi ya jana, wanga bado haujalegea, hapo uvumilivu ulimwisha.

"Ebo!"

Alikuwa amesimama, kiti kimeanguka. Mhudumu aliyekuwa anapita na sinia alishtukia ameshikwa kola na kugeuzwa shingo kama kuku wa sokoni.

"Njooni muone! Nyuzi tatu nyekundu! Nimezishona mimi! Na huyu naye ni marehemu?" Akamwacha, akamkamata wa pili. "Na huyu? Na yule kule mwenye maji? Marehemu gani ana shingo themanini? Mimi ndiye dobi wa ule ua! Sina wazimu, na mume wangu huyu hapa, anakula!"

Kweli Fundi Kitasa alikuwa na paja la kuku mkononi. Alisimama taratibu, kwa kuwa mkewe alimwonyesha, akajifuta mdomo.

"Ni mimi," alisema. "Sijafa."

Kisha meza ya mbele ikapiga makofi, ikafuata ya pili, na mara watu wote wakawa wamesimama, wanashangilia, wanapiga miluzi. Bwana mmoja akapaza sauti kwamba huyu mzee ndiye aliyeigiza vizuri kuliko wote. Mama Povu alipiga kelele kwamba si mchezo, na kadiri alivyosema si mchezo ndivyo walivyozidi kucheka.

Meneja wa hoteli aliwafuata mlangoni akikunja mikono kwa heshima. Hakukasirika hata kidogo, na hilo ndilo lililouma zaidi.

"Mama, umetuletea kitu kipya kabisa. Uje kila Ijumaa. Usimame vilevile, na kiti kianguke vilevile."

"Sitaki Ijumaa yako. Nataka kitu kimoja. Waambieni wageni wenu kwamba mume wangu yu hai."

Meneja alitabasamu kwa kumhurumia. "Mama yangu, wageni hawamlilii mtu aliye hai."

Kesho yake asubuhi wifi yake alifika hata viatu havijafungwa vizuri. Habari alikuwa amezikuta ofisini. "Kaka yangu wanamzika kila siku, mimi nawakatia tiketi!" alisema, na sauti ikamkatika. "Wifi, kama ulinyamaza kwa ajili ya kazi yangu, usinyamaze tena. Kazi nitatafuta nyingine. Kaka sina mwingine."

Fundi Kitasa hakwenda kibandani siku hiyo. Alivaa shati lake la mistari, akatoa kiti, akaketi katikati ya ua chini ya kamba, uso kwa barabara, ili kila mwenye macho amwone. Mama Povu alisimama karibu naye, mkono begani kwake. Saa nne basi likaja, likapunguza mwendo. Hakupunga. Mgeni mmoja akafungua kioo ili apige picha, na sauti tamu ya Kipaza ikamwagika mpaka uani.

"Na huyo aliyekaa chini ya mashati, ndugu wageni, ni mzee wa watu tu, ameokotwa barabarani. Mjane amemfananisha na marehemu. Anamlisha, anamwita mume wangu, na ukimwambia siye, anakuja juu. Jana usiku tu alifanya fujo hotelini. Mwoneeni huruma."

Kioo kikafungwa. Basi likashuka zake sokoni.

Mama Povu alimtazama mumewe, naye mumewe alikuwa anatazama chini, anakikuna kidole kilichoungua zamani kwa moto wa kuchomelea. Ndiyo mara ya kwanza tangu hospitali kumwona amenyong'onyea hivyo. Basi akaenda kwenye kamba akaanza kuanua. Mashati yote, mabichi hivyohivyo. Yaliyokuwa bado kwenye beseni na uchafu wake wa supu na mchuzi, maana asubuhi hiyo alichelewa kufua, akayatoa na povu lake, yote akayatia kwenye kapu kubwa.

"Unafanya nini?" mumewe aliuliza. "Hoteli hiyo ndiyo robo tatu ya chakula chetu."

"Najua."

Fundi Kitasa alifikiri. Na yeye kwa chakula mnamjua. Halafu aliinuka, akashika shikio la pili la kapu.

Hawakupitia mlango wa nyuma unaotumiwa na madobi. Walipita mlango mkubwa wa kioo, kapu linachuruzika maji kwenye zulia, wageni wapya wakiwa wamepanga foleni na masanduku yao. Mama Povu akalipindua kapu palepale mbele ya kaunta, mashati themanini yakamwagika sakafuni. Meneja alikuja mbio, akainua moja, likamdondokea maji kwenye viatu.

"Mama! Haya hayajafuliwa! Jioni nina wageni mia mbili, wahudumu wavae nini?"

"Si mnasema ni ya marehemu?" alisema Mama Povu, na akamshika mumewe mkono mbele ya watu wote. "Basi mngojeni arudi, ayafue mwenyewe."