Dorothea na Nchi Iliyofunikwa Giza

Dorothea alikuja Lanham, Marekani, kutoka Bukoba kumlea mjukuu wake mchanga. Miezi ya mwanzo, yeye na mkwewe Isack waliheshimiana kiasi cha kukwepana. Isack akiingia sebuleni, yeye huenda jikoni. Shikamoo, marahaba, basi.

Theluji ya Februari 2003 ndiyo iliyowafungia pamoja. Magari yalifukiwa hadi vioo, na Honorata, binti wa Dorothea na mke wa Isack, akakwama hospitali alikokuwa zamu. Mtoto alipolala, Isack akawasha kompyuta yake kuukuu, akafungua mchezo aliocheza tangu chuoni, wa kujenga dola za kale. Dorothea, akipita na kikombe cha chai, akasimama.

Skrini ilikuwa nyeusi tii, isipokuwa katikati: vibanda vitatu na mtu mmoja akitembea. Kila alipokanyaga, giza lilirudi nyuma. Ukatokea mto, kisha msitu, kisha swala wakinywa maji.

"Hivi vyote vilikuwepo muda wote?" akauliza.

"Vilikuwepo, Mama. Ila hakuna aliyekuwa amefika."

Akavuta kiti. Kufikia jioni kipanya kilikuwa mkononi mwake, na chai imepoa.

Tangu hapo ikawa desturi yao. Isack alipenda vita. Dorothea hakutaka ugomvi na mtu. Alilima, akajenga ukuta, kisha akamtuma mpanda farasi gizani. Na kila walipoanza upya, nchi ilikuwa nyingine kabisa. "Mungu wangu," husema, "nani anaiumba?"

Miaka miwili baadaye Isack akanunua mchezo mpya, wenye bahari inayong'aa na majani yanayopepea. Dorothea aliucheza wiki moja, kwa adabu.

"Ni mzuri, baba, macho yanafurahi. Lakini humu wamekwishanichorea kila kitu. Kule kwenye mchezo wetu wa zamani mtu ni mdogo kama siafu, nami kichwani namwona mpaka jasho."

Isack akacheka, akaurudisha wa zamani. Jumapili hiyo baada ya misa walivusha mashua hadi pembe ya mwisho ya ramani. Kikaibuka kisiwa kisicho na dhahabu wala adui, nyasi tupu, na ndege weupe wakizunguka juu yake.

"Turudi, Mama?" Isack akanong'ona.

"Ngoja kwanza."

Honorata alipotoka jikoni kuuliza nani ameshinda, Dorothea alikuwa akimshusha mtu mmoja ufukweni, atembee.