Njia ya Mama Yona

Soda ndizo zilizomtia Mzee Anaeli mashaka kwanza. Siku ya kumzika mkewe, Eunike, jirani mpya alileta kreti za soda msibani, akaziteremsha kwa mikono yake. Watu wakamsifu. Anaeli akazihesabu kreti. Mtu aliyekuja juzi, hata jina la marehemu halijui, soda zote hizo za nini?

Jirani huyo aliitwa Peter, mtu wa Njiro. Alinunua shamba la Hanna, mjane aliyehamia kwa binti yake Rachel, huko Kimandolu. Katikati ya migomba ya shamba hilo ilipita njia kutoka mlangoni kwa Anaeli hadi barabara iendayo Usa River. Nyingine haikuwapo, ila kushuka korongoni, na goti la Anaeli lilishakataa korongo. Eunike aliipita tangu alipoletwa bibi harusi, na ndoo, na mikungu ya ndizi, na watoto mgongoni. Mwisho akapitishwa hapo kuletwa nyumbani, ndani ya jeneza.

Msiba ulipokwisha, nguzo zikasimama. Waya ukafuata.

"Shikamoo, mzee wangu," Peter alisema.

"Marahaba. Waya wa nini?"

"Usalama tu. Nitaweka geti hapa. Ufunguo nitakupa."

"Njia yangu, ufunguo wako?"

"Si yako, mzee. Siku ya msiba uliniomba, nikakuruhusu. Watu walisikia."

Kweli alimwomba. Kwao maiti haivuki shamba la mtu kimyakimya. Mwenye msiba hutangulia, mkononi jani la sale, mmea wao wa amani na wa mipaka, akaomba kupishwa. Anaeli alisimama mpakani na jani lake, Peter akajibu, "Pita mzee, nakuruhusu." Kumbe soda zililetwa ili watu walikumbuke neno lile. Au anamsingizia? Hakujua. Hata Yona, mwanawe, alipopiga simu kusema, "Baba, pokea ufunguo yaishe," Anaeli alijiuliza mwanawe amekunywa soda ya nani.

Shauri likafika baraza la kata. Wajumbe wakaja kuketi palepale njiani, juu ya magogo.

"Mtu akipita miaka yote bila kuomba wala kukatazwa, njia ni haki yake," alisema Aminieli, mwenyekiti. "Akiomba, ni hisani. Hisani ina mwisho. Anaeli, uliomba?"

"Niliomba."

Wajumbe wakatazamana. Peter akainamisha kichwa kwa adabu. Adabu ile nayo Anaeli hakuipenda.

Akaitwa Hanna. Alishuka kwenye bajaji, kitenge kizuri, viatu vipya. Anaeli akavitazama viatu. Pesa ya Peter hiyo, akasema moyoni. Huyu keshanunuliwa.

"Mama Rachel," Aminieli akauliza, "shamba lilipokuwa lako, hawa walikuwa wanakuomba njia?"

"Eunike aniombe mimi?" Hanna akacheka. "Alikuwa ananigombeza. Ng'ombe wangu akilala hapa, atasimama na ndoo kichwani: Mama Rachel, njoo uondoe mlima wako. Nikitaka kufunga mbuzi njiani, mimi ndiye niliyemwomba yeye."

Watu wakacheka. Peter hakucheka. "Lakini msibani mzee aliomba, mama."

"Aliiombea maiti, mwanangu. Maiti huombewa njia hata kwa ndugu. Mume wangu alipoletwa maiti kutoka hospitali alipita hapahapa, shambani kwake mwenyewe, na jani la sale tulimpelekea Eunike, kwa sababu njia ilikuwa yake. Utasema na shamba lilikuwa la Eunike?"

Hanna akanyoosha kidole kando ya njia.

"Na haya masale ya pembeni ulidhani maua? Tuliyapanda mimi na yeye. Njia ya kuazima haipandwi sale."

Aminieli akawauliza wajumbe, wakasema njia ibaki wazi. Peter akakubali. Akakubali upesi mno, Anaeli aliona.

Watu walipotawanyika, Hanna akamsogelea. "Baba Yona, hata pole ya safari hunipi?"

"Pole. Viatu vizuri."

"Rachel kaninunulia."

"Eeh," akasema Anaeli, akavitazama tena.

Geti Peter aliliweka hata hivyo. Halitafungwa, alisema, ni la kuzuia mbuzi tu. Akamletea mzee ufunguo nyumbani, pamoja na kilo ya sukari. Sukari Anaeli aliipokea, kwa kuwa mgeni harudishwi na mzigo wake.

"Ufunguo kaa nao," alisema. "Anayepewa ndiye anayenyang'anywa."

Alichukua kamba ya mgomba uliokauka, akaliacha geti wazi kabisa, akalifunga kwenye nguzo kwa fundo alilokuwa akifungia mizigo ya Eunike. Sasa kila asubuhi hupita kwanza kaburini kwa Eunike, palepale nyumbani, akasimama kidogo, kisha huenda getini. Huinama, hulishika fundo, akalichunguza kama ni lake lilelile. Huwa ni lake. Hulikaza tena.